Mbao Mpya juu ya Mbao Kuukuu

Watu wengi hudhani kwamba sakafu ya mbao iliyochakaa yatosha kufunikwa kwa mbao mpya, na kazi ikaisha. Dhana hiyo ina ukweli na ina hatari. Nasi twapenda kuwaeleza wasomaji wetu habari za nyumba mbili za jamaa zetu, moja Mikumi na moja Kilosa, wapate kupima wenyewe.

Sakafu ya Mikumi ilikuwa imekwaruzika tu. Fundi aliigonga kwa nyundo, ubao baada ya ubao, ikalia kavu. Mbao zilizolegea akazikaza, zilizoinuka akaziranda. Mbao mpya za mninga zilikwisha kaa chumbani mle wiki mbili, zizoee hewa ya nyumba. Akazilaza kwa kuzikatiza zile za kale, akazipigilia misumari mirefu ya kufika hata kwenye boriti. Penye kila ukuta aliacha nafasi ya kadiri ya sentimita 1, kwa maana mbao hutanuka wakati wa masika. Mwisho akaipunguza milango kwa chini, kwa kuwa sakafu ilikuwa imepanda.

Ama Kilosa, mambo yalikuwa mengine. Nyumba ile iliingiwa na maji katika mafuriko ya mwisho wa 2009 na mwanzo wa 2010. Kwa juu sakafu ilionekana nzima, ila pembeni, hapo mama yetu mzee alipozoea kutandika msala wake, ilibonyea chini ya mguu. Arusi ya binti ilikuwa imekaribia, na ndugu zetu walitaka ifunikwe upesi, wageni wasione. Fundi akakataa kupigilia hata msumari mmoja kabla ya kung'oa ubao wa pembeni. Alipoung'oa, boriti mbili zilikuwa zimeliwa na mchwa, zimebaki maganda.

Basi fedha za mninga zikanunua boriti, na arusi ikafanyika uani kwa jirani chini ya turubai, wala heshima ya mtu haikupungua.

Enyi vijana mnaotengeneza nyumba za wazee wenu, mbao mpya haziponyi maradhi ya zile za chini, huyaficha tu. Gongeni kwanza, ng'oeni ubao mmoja, mtazame. Pakiwa pakavu na imara, funikeni bila ya hofu. Pasipokuwa hivyo, gharama ya leo ni nafuu kuliko mguu wa mzee kutumbukia kesho.