Mishipa Inayojibana

Kiswahili kina vitenzi vingi vya njia inayopungua upana: kuziba, kubana, kukaza, kusinyaa, kufunga. Darasani tunavipanga ubaoni, tunaulizana kipi kinadai mtenda na kipi kinajitosheleza, halafu tunafuta na kwenda kutafuta chakula. Sikuwahi kufikiri kwamba mtu anaweza kukataa kutia sahihi karatasi ya upasuaji kwa ajili ya kimoja kati ya hivyo. Mtu huyo ni mama yangu.

Mdogo wangu, kijana wa miaka 16, alikuwa na usaha uliokaa muda mrefu kandokando ya pafu la kuume, hadi ukafanya ganda gumu. Ganda hilo lilipaswa kubanduliwa. Ili mpasuaji apate nafasi, pafu hilo lingeachwa lilale bila hewa, na mgonjwa apumulishwe kwa pafu la kushoto peke yake. Hospitali ilikuwa Bukavu. Mama alikuwa amepanda kutoka Sange, katika bonde la Ruzizi, ambako tunalima mpunga. Daktari wa usingizi alikuwa mtu wa Kinshasa, Kiswahili chake hakikuvuka soko, basi alieleza kwa Kifaransa nami nikampelekea mama. Kamusi zinatupa neno nusukaputi, lakini nililiacha. Mama hakuhitaji kusikia nusu ya kitu chochote asubuhi ile.

Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza: damu itakayopita kwenye pafu lililolala, si itarudi moyoni vilevile ilivyokwenda, bila pumzi? Daktari aliweka kalamu chini. Alisema hilo ndilo swali lenyewe.

Damu yote inayotoka upande wa kuume wa moyo hupita mapafuni kuchukua oksijeni, na pafu la kuume hupokea zaidi kidogo ya nusu. Kama kiasi hicho kingeendelea kupita mahali pasipo na hewa, karibu nusu ya damu inayorudi mwilini ingerudi mikono mitupu. Lakini haiwi hivyo. Mishipa midogo ya pafu, oksijeni ikipungua katika vifuko vya hewa vilivyo jirani yake, hupunguza upana ndani ya sekunde chache, na huzidi kupungua kwa dakika kadhaa. Damu hugeukia upande wenye hewa. Mtiririko kwenye pafu lililolala unaweza kupungua kwa takriban nusu. Ajabu ni kwamba mishipa ya sehemu nyingine za mwili hufanya kinyume. Misuli, ubongo, hata moyo wenyewe, vikikosa oksijeni hufungua mishipa yao ili damu ije zaidi. Pafu linaifukuza, maana kwake damu haiji kuleta bali kuchota, na kisima kikiwa kikavu hakuna haja ya kupanga foleni.

Daktari aliliita jambo hili vasoconstriction, na hapo vitenzi vyangu vikaja vyote kwa pamoja. Mishipa inaziba? Kwa mama, mshipa ulioziba ni kiharusi. Ndivyo alivyokufa mjomba. Inabanwa? Katika kauli ya kutendwa, mtu atamtafuta anayebana. Daktari, kwa kutaka kusaidia, alichora mifereji ya mpunga: shamba hili kavu, shamba lile lina miche, maji yanaelekezwa kule. Mama alimkatiza, akiniangalia mimi: "Shambani ni mimi nafunga mufereji na udongo. Kule ndani ni nani anafungaka?"

Nilimjibu kwamba hakuna mtu. Inajibana.

Tunafundishwa kwamba -ji- humrudishia mtenda tendo lake, na tunaipita haraka kwenda kwenye vinyambuo vinavyoulizwa katika mtihani. Nadhani hatuithamini vya kutosha. Kifaransa huliita jambo hili mara nyingi réflexe, na katika fiziolojia neno hilo linadai neva: taarifa iende, amri irudi. Hapa safari hiyo haihitajiki. Pafu lililotolewa mwilini na kukatwa neva zake bado hujibana likinyimwa oksijeni. Hata seli moja ya msuli wa mshipa, ikiwa peke yake maabarani, hujikunja: huhisi upungufu, inafunga milango ya potasiamu, inaruhusu kalsiamu iingie, inajikaza. Silabi yetu moja inasema kweli kuliko neno lao zima. Tena ni neno la kila siku. Kwenye taksi tunajibana wanne kiti cha nyuma. Na ndivyo tulivyojibana nyumbani miezi mitatu kulipa upasuaji ule.

Ulf von Euler na Göran Liljestrand waliliandika jambo hili mwaka 1946, huko Uswidi. Waliwapa paka hewa yenye oksijeni kidogo, wakaona shinikizo katika ateri ya mapafu likipanda. Von Euler alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1970, lakini kwa kazi nyingine.

Kujibana huku kunafaa pale sehemu moja inapokosa hewa na nyingine inayo. Mpanda Ruwenzori anayekaribia kilele cha mita 5,109 hukosa oksijeni katika mapafu yote mawili. Mishipa inajibana kila mahali, damu haina pa kugeukia, shinikizo linapanda, na kuna ambao mapafu yao hujaa maji. Dawa za usingizi nazo huingilia. Halothani, gesi ambayo hospitali nyingi za Afrika zimeitumia miaka mingi, hulegeza mishipa hiyo; ikizidi, damu inarudi kupita kwenye pafu lililolala. Propofoli na ketamini, zinazoingizwa kupitia mshipa wa mkono, haziigusi sana. Kwa hiyo daktari alichagua ketamini.

Mama alikuwa na swali moja zaidi: na mtoto tumboni, ambaye mapafu yake hayana hewa kabisa? Daktari alisema mishipa ya mapafu yake imejibana karibu yote, sehemu ndogo tu ya damu hupita, na siku ya kuzaliwa, hewa ya kwanza ikiingia, inajiachia. Mama alimtazama mdogo wangu. "Huyu alichelewa kulia," akasema, akatia sahihi.

Yaliyobaki nilisimuliwa jioni. Dakika chache baada ya pafu kulazwa, kipimo cha kidoleni kilishuka kutoka 99 hadi 88. Oksijeni tayari ilikuwa asilimia 100. Hapakuwa na cha kuongeza. Daktari alimwomba mpasuaji asubiri, akatazama saa ya ukutani. 89. Kisha 91. Baada ya robo saa ilikuwa 94, wala hakuwa amegusa kitu.