BarbaraO nilivyomwona

Mwanzoni jina la mwigizaji huyu liliandikwa Barbara O. Jones, baadaye akabaki BarbaraO, kwa kuunganisha. Nilimwona kwa mara ya kwanza Los Angeles, mwishoni mwa miaka ya 70, nilipokuwa masomoni huko. Filamu ilikuwa Bush Mama, iliyoongozwa na Haile Gerima, Mwethiopia, alipokuwa bado mwanafunzi wa UCLA. Projekta ya milimita 16 ilikuwa ikinguruma nyuma yetu, na picha zenyewe nyeusi na nyeupe.

Aliigiza Dorothy, mama mjamzito wa mtaa wa Watts, humo humo Los Angeles. Mwenzi wake kafungwa kwa kosa asilolitenda, na watu wa ustawi wa jamii wanamshinikiza atoe mimba. Mara nyingi amekaa tu, anasemeshwa, naye hajibu neno, na kamera haimwachi. Taya zimekaza, macho yako mbali, wigi limemkaa kichwani kama kofia ya kuazima. Sisi Waafrika tuliokuwamo ukumbini tuliacha kunong'onezana. Ukutani kwake kuna bango la mwanamke wa Kiafrika, huku kashika bunduki, huku mtoto. Mwisho tunamwona Dorothy bila wigi, na nywele zake mwenyewe. Mpaka leo sijaona mwigizaji aliyegeuka mtu mwingine kiasi kile kwa maneno machache namna ile.

Nikaanza kumfuatilia. Kumbe mwaka 1977 Julie Dash alikuwa amemtumia katika filamu fupi, Diary of an African Nun, iliyotokana na hadithi ya Alice Walker: mtawa wa Uganda anayesikia ngoma usiku, na nadhiri zake zinamlemea.

Televisheni nayo ilimwita. Mwaka 1979 alionekana katika Freedom Road pamoja na Muhammad Ali, na kwa jinsi Ali alivyopendwa duniani nilidhani sasa milango imefunguka. Wapi! Hollywood ya siku zile ilimtaka mwanamke mweusi acheke kwa sauti au alie kwa sauti. BarbaraO kipaji chake kilikuwa katika kunyamaza, na hilo lilihitaji mwongozaji mwenye subira.

Dash alikuwa nayo. Katika Daughters of the Dust ya 1991 alimpa nafasi ya Yellow Mary, anayerudi kwa ndugu zake Wagullah, kwenye visiwa vya South Carolina, mwaka 1902. Ndugu wanamsengenya waziwazi. Yeye anawatazama, anatabasamu kidogo, na unajua yote yaliyompata huko alikokuwa.

Kwangu mimi, hata hivyo, kubwa kuliko zote ni Maangamizi, ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, iliyopigwa hapa Tanzania. Yeye ni Daktari Asira, Mmarekani mweusi aliyekuja kutibu wagonjwa wa akili. Amandina Lihamba ni Samehe, mgonjwa ambaye miaka mingi hajatamka kitu. Safari hii mnyamavu ni mwingine, na BarbaraO ndiye anayesubiri neno. Tazama anavyosikiliza! Mwaka 2001 Tanzania iliipeleka filamu hiyo kuwania Oscar, na bado kuna Watanzania wengi ambao hawajaiona.

Alifariki Dayton, Ohio, Aprili 2024, akiwa na umri wa miaka 82. Natamani vituo vyetu vya televisheni viioneshe Maangamizi baada ya taarifa ya habari ya usiku, watu wakiwa bado sebuleni.