Kinu Kisichotwanga

Katika safari moja ya kikazi nchini Japani, wenyeji wetu walitupeleka Yokohama kuona makumbusho ya rameni, yaani tambi za mchuzi, yaliyofunguliwa mwaka 1994. Nilitazamia vyombo vikuukuu nyuma ya vioo. Kumbe tuliteremka chini ya ardhi, tukajikuta katika mtaa wa Tokyo wa mwaka 1958, uliojengwa upya pamoja na mabango na vichochoro vyake. Huo ndio mwaka Momofuku Ando alipovumbua tambi za kuiva papo hapo. Kandokando ya mtaa ipo migahawa ya kweli, yenye rameni za pande mbalimbali za nchi, kila mmoja na mchuzi wa kwao. Mgeni hatazami tu, bali huketi akala.

Bakuli likiwa mbele yangu, nilimkumbuka marehemu mama. Kinu chake ninacho sebuleni. Nimekipaka vanishi, na wageni hukisifu. Lakini kile kisamvu alichokitwanga humo, akakiunga kwa nazi, sikupata kumwuliza alikipikaje. Nimehifadhi chombo, nimepoteza chakula.

Ndugu msomaji, makumbusho ni mahali pa kukumbusha, na kinu kisichotwanga hukumbusha nusu tu. Kabla hatujaviweka vyombo vya wazee wetu kabatini, tuketi nao jikoni tuwaulize: chumvi kiasi gani, moto kiasi gani, na tui hutiwa lini?