Neno "Kukata"

Katika msamiati wote wa hesabu za watoto wetu, hakuna neno linalonikera kuliko kukata. Mwanafunzi akiona herufi juu ya mstari na herufi iyo hiyo chini yake, huzipitishia mkwaju akasema: nimekata. Mimi ni mtu wa mashairi na tafsiri. Aljebra nilijifunza mwenyewe ukubwani, katika kitabu kisichokuwa na jalada. Labda ndiyo maana nalisikia neno hilo kabla ya kuiona hesabu.

Kinachofanyika si kukata, ni kugawanya. Kiasi chote na asili yote hugawanywa kwa kitu kimoja, na thamani ya sehemu ikabaki vilevile. Kwa hiyo kitu hicho hakina budi kiwe kigawo, yaani kiwe kimezidishwa na vyote vilivyobaki, juu na chini. Kilichojumlishwa tu hakina haki hiyo.

Kijana wa jirani yangu, anayejiandaa na mtihani wa kidato cha pili, aliniletea sehemu hii: (x² − 9)/(x² − 3x). Shuleni husomeshwa kwa Kiingereza. Mimi humrudishia maneno aliyoyajua tangu msingi: kiasi, asili, kigawo cha shirika. Alikwisha kuzipiga mkwaju x² mbili, akapata 3/x.

"Mwanangu, weka 1 mahali pa x."

Ya kitabuni ikampa 4, ya kwake ikampa 3.

"Ami, mbona hazilingani?"

Tukaanza upya. x² − 9 ikawa (x − 3)(x + 3). Katika x² − 3x tukaitoa x nje ya mabano, ikawa x(x − 3). Hapo ndipo wa shirika alipojitokeza: (x − 3), ambaye alikuwamo juu na chini muda wote bila ya kuonekana. Tukagawanya, ikabaki (x + 3)/x. Mkono ukamwasha tena! Lakini x ya juu imeshikana na 3 kwa kujumlisha. Huwezi kumgawanya mmoja ukamwacha mwenziwe.

Al-Khwarizmi, aliyeandika Baghdad katika karne ya 9, hakuwa na x wala mkwaju. Yote aliyaeleza kwa maneno. Hata jina la kitabu chake si geni masikioni mwetu: limo kitabu, limo muhtasari, imo hesabu, umo mkabala. Na al-jabr ni kurejesha kilichopungua. Kwa Kiarabu hata mwunga mifupa huitwa kwa mzizi huo. Elimu iliyopewa jina la kuunga, sisi twaisomesha kwa neno la kukata.

Limebaki moja, ambalo wengi hulipita mbio. Sehemu ya mwanzo haikubali x iwe 3, kwani juu huwa 0 na chini 0. (x + 3)/x hukubali, tena hujibu 2 bila ya kusita. Aliyeondoka ameacha pengo, na jibu jipya halilioneshi. Mfasiri analijua pengo hilo: tafsiri husomeka laini palepale ambapo maandishi ya asili yalikwama.

Kijana akaandika pembeni, kwa herufi ndogo: x isiwe 0, wala isiwe 3. Akaniuliza kama hilo lina alama katika mtihani. Nikamwambia aliandike tu.