Ombi Limekufa, Swali Bado Lipo

Wenzetu wa sheria wana msemo: ombi "limepitwa na matukio". Sisi wa ualimu tukiusikia tunaona ni lugha yao tu. Mimi nimeuelewa muhula uliopita, kwa yaliyompata kaka wa mwenzangu wa chumba.

Kaka huyo ni dereva wa bodaboda. Alishikiliwa kituoni siku sita, hana shtaka wala dhamana. Ndugu wakachanga, mwenzangu akatoa boom lake karibu lote, wakampata wakili. Wakili akafungua Mahakama Kuu ombi linaloitwa hebiasi kopasi: aliyemshikilia mtu amlete, aeleze kamshikilia kwa sheria ipi. Asubuhi ya kusikilizwa, jamaa akapandishwa mahakama ya chini, akasomewa shtaka. Basi, ombi likaondolewa. Mtu keshafikishwa, amri ya kumleta ni ya nini tena?

Kwa mantiki, sawa. Tena tusilibeze ombi lile, pengine ndilo lililowafanya wakimbie na hati ya mashtaka. Ila lilikuwa na vipande viwili: mlete, na ueleze. Cha kwanza kimetimia, cha pili kimezikwa nacho.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inasema kama haiwezekani kumfikisha mtu mahakamani ndani ya saa 24, na kosa si kubwa, aachiwe kwa dhamana. Akibaki ndani, afikishwe mapema iwezekanavyo. Siku sita ni saa 144. Je, hiyo ndiyo mapema? Hakuna aliyelazimika kujibu.

Na si bodaboda tu. Mwandishi wa habari Erick Kabendera alikamatwa 29 Julai 2019, akapandishwa Kisutu 5 Agosti. Shtaka mojawapo lilikuwa utakatishaji fedha, ambalo halina dhamana. Kuanzia hapo gumzo likahamia kwenye mashtaka, na zile siku saba zikabaki nyuma. Alitoka Februari 2020.

Mtu atasema mlango mwingine upo: Ibara ya 30 ya Katiba inamruhusu aliyevunjiwa haki kufungua shauri Mahakama Kuu. Upo kweli. Lakini familia iliyomaliza akiba kwenye ombi la kwanza, na sasa inahangaikia kesi yenyewe, italipia shauri la tatu kwa nini?

Mimi nitafundisha Uraia. Kwenye mada ya haki za binadamu sitaishia kuwakaririsha wanafunzi orodha. Nitawauliza: haki ikivunjwa Jumatatu na mtu akashtakiwa Jumamosi, ile Jumatatu imefutika?

Wakati huo, wadau, ndugu yako akikamatwa andika siku, saa, kituo na jina la askari aliyekupokea. Ombi linaweza kufa asubuhi moja. Daftari lako halifi, na siku swali likipata wa kuliuliza, majibu yataanzia humo.