Mtu wa Ndizi na Aliyemtungia

Mara nyingi twasikia watu wakisema kwamba hapana haja tena ya kuwafundisha watoto mashairi kwa moyo, kwa kuwa vitabu ni vingi, na picha za sinema ni nyingi zaidi. Sisi hatukubaliani nao. Ili tutoe hoja yetu, twapenda kueleza habari za Evan Jones wa kisiwa cha Jamaika, aliyekuwa mshairi na tena mtungaji wa michezo ya sinema; maana maisha yake yatuonyesha ni kipi kidumucho katika kazi ya kalamu.

Alizaliwa mwaka 1927 katika wilaya ya Portland, mashariki ya kisiwa kile, penye milima na mvua nyingi. Baba yake alikuwa tajiri mwenye mashamba ya migomba. Mama yake alikuwa mwalimu na mmisionari wa Marafiki, kanisa lile lile lililoenea Kenya ya Magharibi. Kijana akasoma kwao Jamaika, kisha Marekani, kisha Oxford. Akaenda pia Gaza pamoja na Marafiki kuwahudumia wakimbizi wa Kipalestina, akafundisha Marekani, na mwaka 1956 akahamia Uingereza.

Alipokuwa bado kijana alitunga shairi juu ya mkulima wa ndizi. Mtalii mmoja mzungu amkuta mtu mweusi sokoni, nguo zake zimelowa mvua na kutiwa madoa ya utomvu wa migomba. Amdhania mwombaji, amwambia atafute kazi. Yule mtu hapigi magoti wala hatukani. Amweleza habari za ekari zake kumi mlimani na kazi ya mikono yake, hata msomaji aona wazi ni nani kati yao aliye maskini wa akili. Naye hasemi Kiingereza cha vitabuni, bali patwa, lugha ya nyumbani kwao, ambayo zamani zile wengi waliihesabu kuwa upotovu wa kusema tu.

Mtu aweza kuuliza: mwana wa tajiri ana haki gani ya kusema kwa kinywa cha mkulima mdogo? Swali hilo ni la haki. Twaona jibu lake li katika shairi lenyewe, maana hakumfanya mkulima yule kuwa kichekesho wala mtu wa kuhurumiwa. Wala hakuificha taabu iliyofuata. Katika shairi la pili mtu yule yule yuko London, atoboa tiketi katika reli ya chini ya ardhi; apata mshahara, lakini amechoka na ugeni, na kurudi kwao hawezi.

Huko Uingereza Jones alipata riziki yake kwa sinema na televisheni. Pamoja na mwongozaji Joseph Losey alifanya mchezo wa King & Country mwaka 1964, habari za askari aliyehukumiwa kufa kwa kutoroka vitani. Mwaka 1975 televisheni ya BBC ilionyesha mchezo wake wa sehemu sita juu ya vita vya kuukomesha utumwa.

Sasa tazameni mambo yaliyozipata kazi nyingine. Mwaka 1963 BBC ilionyesha mchezo wake mmoja ambamo kijana Bob Dylan aliimba. Mwaka 1968 kanda yake ikafutwa, na leo haionekani tena. Mwaka 1971 ulitoka mchezo wa Wake in Fright, alioutunga kutoka katika kitabu cha Kenneth Cook: mwalimu wa mashambani nchini Australia aenda likizo, apoteza fedha zake zote katika kamari, aangukia ulevi na aibu. Mchezo huo ulikaribia kupotea kabisa. Picha zake za asili zilionekana mwaka 2004 mjini Pittsburgh, katika masanduku yaliyoandikwa kwamba yateketezwe. Zikasafishwa, na mwaka 2009 watu wakautazama upya.

Lakini shairi la mtu wa ndizi halikuwekwa ghalani. Liliwekwa katika vichwa vya watoto. Vizazi vya wanafunzi katika visiwa vya Karibi vililijifunza, wakasimama mbele ya wenzao na kulisema, na hapana karani awezaye kulifuta huko. Mwenye kulitunga alikufa mwaka 2023, umri wake miaka 95.

Sisi tulio walimu tuna neno la kujifunza hapa. Twapomwuliza mtoto darasani, "Baba yako afanya kazi gani?" mwana wa karani hujibu kwa sauti, na mwana wa mkulima huinamisha kichwa, akasema, "Ni mkulima tu." Neno hilo "tu" hakulizaliwa nalo, amefundishwa, na pengine ni skuli iliyomfundisha. Hotuba zetu juu ya heshima ya jembe hazitoshi kulitoa. Tumpe maneno mazuri ya kusema juu ya baba yake, katika lugha ambayo baba yake ataifahamu, ayashike kwa moyo. Mwacha asili ni mtumwa, walisema wazee; na asili ya mtoto huyu ina madoa ya utomvu, wala si ya kuonea haya.