Safari ya Dandora na Swali la Mama Mmoja



Juma lililopita nilikuwa Nairobi kumzuru mpwa wangu, binti wa dada yangu mkubwa, ambaye kwa miaka kumi sasa anakaa Dandora. Mara zote nilizopanda bara nilifikia Eastleigh kwa jamaa wengine, nikarudi Mombasa bila kumfikia, na lawama alinibebesha ninazistahili. Safari hii alinipigia simu mwenyewe. "Mjomba," akasema, "nina jambo la mwanangu, nalo si la kusemwa kwenye simu." Mwenye kuitwa namna hiyo haulizi mara mbili.

Treni ilinishusha Syokimau, nikaingia mjini, na kutoka mjini nikapanda matatu iliyofuata Barabara ya Juja, pembeni mwa Eastleigh, hadi Kariobangi. Baada ya hapo Dandora haihitaji kibao. Harufu humpokea mgeni kabla ya mwenyeji: harufu ya moshi na taka zilizooza, kutoka jaa kuu la mji wa Nairobi ambalo limekuwa hapo tangu katikati ya miaka ya 1970. Korongo wakubwa huzunguka juu yake kama wenye mali, na chini yao watu, wake kwa waume, huinama wakichagua chupa, vyuma na plastiki za kuuza. Mwaka 2007 Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa lilitoa matokeo ya uchunguzi wa watoto 328 wanaoishi na kusoma karibu na jaa hilo. Nusu yao walikutwa na madini ya risasi katika damu kwa kiwango cha kutia hofu. Mwaka 2021 mahakama iliamuru jaa lifungwe. Moshi nilioukuta ulikuwa mbichi.

Lakini anayeisimulia Dandora kwa jaa peke yake huwa hakushuka garini. Mtaa huu ulianzishwa kwa mpango uliogharimiwa na mkopo wa Benki ya Dunia wa mwaka 1975. Familia ilipewa kiwanja kidogo chenye choo na bomba la maji, kisha ikaambiwa: jijengeeni. Viwanja kama 6,000 viligawiwa, na watu wakajenga chumba baada ya chumba, kadiri riziki ilivyokuja. Nyumba nyingi zimezunguka nyua za pamoja. Vijana wa Dandora wenyewe wamezisafisha baadhi ya nyua hizo, wakapaka kuta rangi na kupanda miti, kazi ambayo hakuna aliyewaamuru kuifanya.

Ni katika ua kama huo nilipomkuta mjukuu wangu. Ana miaka 14, mrefu, mikono kama makasia. Mkononi alikuwa na mpira wa tenisi uliozungushiwa utepe wa mafundi wa umeme, na mbele yake, hatua ishirini hivi, lilisimama debe tupu la mafuta. Mtoto mwenziwe alishika ubao uliochongwa mpini. Aliponiona alificha mpira nyuma ya mgongo, akaja mbio: "Shikamoo, Babu." Nikamwitikia, nikamwambia amalize aliloanza. Akautupa. Mpira ulidunda upande wa kushoto, ukageuka kama uliosahau kitu, ukagonga debe. Ua mzima ukapiga kelele.

Usiku, watoto walipolala, mpwa wangu alieleza. Mwalimu wa michezo shuleni amemchagua kijana kwa mazoezi ya kriketi katika klabu moja iliyo upande wa pili wa mji. Mazoezi ni Jumamosi asubuhi, na Jumamosi asubuhi ni wakati wa madrasa. Nauli ya kwenda na kurudi ni unga wa siku mbili. Baba yake yuko Ghuba kikazi, na jibu lake kwa simu lilikuwa: muulize Mjomba. "Nami nakuuliza, Mjomba. Mchezo huu una mwisho gani? Nani aliyekula kriketi katika Kenya hii?"

Sikumjibu papo hapo, na sababu nitawaambia. Miaka zaidi ya ishirini iliyopita mama mmoja wa mtaa wetu alinijia na swali kama hili juu ya mwanawe, kijana aliyechezea timu ya vijana wa mkoa wa Pwani. Nilikuwa mwalimu mpya, mwenye majibu mengi. Nilimwambia amtoe, mchezo ni upotezaji wa wakati. Akamtoa. Kijana alikuwa amecheza misimu miwili tu. Hakuharibika, alhamdulillah, leo ana familia na kazi ya heshima. Lakini siku moja, tukitoka msikitini, aliniuliza kwa upole: "Sheikh, uliwahi kuniona nikicheza?" Sikuwahi. Nilikuwa nimehukumu kitu nisichokitazama.

Basi usiku ule Dandora nilimsimulia mpwa wangu habari za watu wawili.

Wa kwanza ni Collins Obuya. Huyu aliwahi kuuza nyanya hapo Nairobi kabla jina lake kujulikana. Alivutiwa na Mushtaq Ahmed wa Pakistan, bingwa wa kuuzungusha mpira kwa kiwiko cha mkono, naye akajifunza kuuzungusha. Tarehe 24 Februari 2003, katika uwanja wa Gymkhana, Nairobi, akiwa na miaka 21, aliwatoa wapigaji watano wa Sri Lanka kwa mikimbio 24 tu, na Kenya ikashinda kwa mikimbio 53. Kenya ilifika nusu fainali ya Kombe la Dunia mwaka huo, na Obuya akapata mkataba na klabu ya Warwickshire, Uingereza. Kisha utupaji ule ukamponyoka. Yale maajabu ya 2003 hayakurudi tena. Lakini hakukaa kulia. Alishika gongo, akajifunza upya kama mpigaji, na katika Kombe la Dunia la 2011 alisimama mbele ya Australia, akafika mikimbio 98 bila kutolewa.

Wa pili ni wetu, mzaliwa wa Mombasa, Aasif Karim. Aliiongoza Kenya katika Kombe la Dunia la 1999, akastaafu, akarudi kwenye shughuli zake. Mwaka 2003 akaombwa arejee, naye ana miaka 39. Tarehe 15 Machi, mjini Durban, Kenya ilikutana na Australia, mabingwa wa dunia, waliohitaji mikimbio 175 tu. Karim alitupa ova nane na mitupo miwili, na ova moja ni mitupo sita. Ova sita kati ya hizo hazikutoa mkimbio hata mmoja. Aliwatoa wapigaji watatu, nahodha Ricky Ponting akiwemo, kwa mikimbio saba kwa jumla. Australia walishinda, lakini mchezaji bora wa siku hiyo alikuwa mzee wa Mombasa. Siku tano baadaye Kenya ilitolewa na India, na Karim akaaga. Mwanawe Irfan naye baadaye akaichezea Kenya.

Mpwa wangu alisikiliza, kisha akasema neno la haki: "Mjomba, wote wawili mwisho wao ulikuwa haraka."

Ni kweli, nikamwambia. Hata nchi yenyewe wakati wake ulikuwa mfupi. Mwaka 2014 Kenya ilipoteza hadhi yake katika mechi za kimataifa za siku moja. Mwenye kumwambia mwanao kwamba kriketi itamjengea nyumba anamdanganya. Lakini tusipime kipaji kwa urefu wa maisha yake. Ujana wenyewe ni mfupi, na tumeusiwa tuutumie kabla ya uzee. La kuuliza ni hili: mchezo ukimwacha kijana, utamwacha na nini mikononi? Karim alikuwa na kazi ya kurudia. Obuya alikuwa na subira ya kuanza upya. Mwanao naye awe na elimu yake, dini yake na adabu yake, ili siku mpira utakapokataa kuzunguka asijione amekwisha.

Tukakubaliana hivi. Nilimwendea maalim wa madrasa asubuhi yake, naye, Mungu amjazi, akakubali kumsomesha kijana baada ya Maghribi siku mbili za juma badala ya ile asubuhi ya Jumamosi. Jaribio ni la mihula miwili ya shule. Alama zikishuka, mpira unapumzika. Mama ataandamana naye mara ya kwanza, aone uwanja, amjue mkufunzi, ajue mtoto anaswali wapi Adhuhuri. Nauli ya mihula hiyo nimeichukua mimi, nayo ni deni langu la zamani, ingawa si kwake nilikolikopa.

Kabla sijaondoka alinongoneza jambo ambalo mimi sikulifikiri. "Hata asipokuwa mchezaji," alisema, "huko viwanjani kuna majani na hewa. Kila Jumamosi atapumua." Mama anayeamka kila siku na kufunga dirisha upande wa jaa ana hesabu zake, nasi waume huzisahau.

Viwanja vya kriketi vya Nairobi viko Parklands, Ngara, Ruaraka na kwingineko, vingi vikiwa vimeanzishwa na jamii za Kizungu na Kihindi zamani za ukoloni. Mtoto aliyekulia jirani yake aliweza kujifunza kwa kuchungulia uani. Mtoto wa Dandora hana ua wa kuchungulia. Kwa hiyo nawaomba ndugu zetu wanaokaa upande huo wa mji: mkiwa na nafasi garini au sebuleni kwa mtoto wa mtaa wa mbali anayekwenda mazoezini, msiifiche. Nanyi wazazi wa Pwani, kabla hamjakataza au kuruhusu, nendeni kwanza mkatazame.

Mimi nilitazama. Jioni ya mwisho, baada ya Alasiri, kijana alinipa ule ubao, nikasimama mbele ya debe na kanzu yangu. Mpira wa kwanza sikuuona. Wa pili niliuona vizuri, ukanipita vilevile, debe likalia, na mpwa wangu akacheka mlangoni kama nilivyomsikia akicheka utotoni, nyumbani kwa dada yangu.

Wabillahi tawfiq.